Nyota wa Baleti Hahifadhiwi kwa Filamu ya Sifa

Kwa miaka kadhaa sasa zimekuwa zikizunguka mtandaoni video fupi zinazomwonyesha Vaslav Nijinsky, nyota wa baleti wa Urusi wa mwanzoni mwa karne ya ishirini, akicheza. Zina mikwaruzo, zinatetema, zina ule mwanga wa vumbi wa sinema za kale, na watu wengi wamezimeza bila kutafuna. Ni za bandia. Zimesukwa kwa kompyuta kutokana na picha mnato. Filamu halisi ya Nijinsky akicheza haijulikani kuwapo, hata ya sekunde moja. Sergei Diaghilev, mwenye kundi la Ballets Russes, hakutaka kundi lake lipigwe filamu, na ukizifikiria kamera za enzi ile, za kuzungushwa kwa mkono, bila sauti wala rangi, ni vigumu kumlaumu sana. Angeambulia kikaragosi kinachorukaruka.

Miaka michache kabla ya hapo, mjini St. Petersburg, mtu ambaye hakuwa nyota alikuwa amelishika tatizo hilohilo kwa upande mwingine. Alexander Shiryaev, mchezaji wa ukumbi wa kifalme wa Mariinsky na msaidizi wa mtunzi wa dansi Marius Petipa, alinunua kamera ndogo ya filamu ya milimita 17.5 akaomba ruhusa ya kupiga dansi za ukumbi wa mfalme. Akakataliwa. Akarudi nyumbani, akatengeneza vikaragosi vya urefu wa shubiri moja hivi, vyenye waya ndani, akavisogeza kidogo kidogo mbele ya lenzi, fremu baada ya fremu, mpaka dansi nzima ikatimia. Filamu hizo zilikaa gizani karibu karne nzima, na hazikujulikana kwa umma mpaka Viktor Bocharov alipozitoa katika filamu yake ya mwaka 2003. Ukizitazama unaona jambo la ajabu: mwanasesere wa waya na karatasi anashika mdundo, anakunja goti kabla ya kuruka, anatua kwa uzito. Sura hana, lakini dansi anayo.

Shiryaev alikuwa amekwisha kulijibu swali ambalo wengi wetu bado hatujajiuliza vizuri: tunapotaka kuhifadhi urithi wa mcheza baleti maarufu, tunahifadhi nini hasa? Fedha nyingi za kazi hii huishia kwenye filamu ya sifa. Unaijua: mahojiano na wazee watano kwenye viti vya velveti, picha za utotoni, muziki wa Tchaikovsky, na katikati yake vipande vya dansi vya sekunde nane au kumi, ambavyo mhariri amevikata pale tu mruko unapofika kileleni. Dakika tisini baadaye umelia kidogo, lakini hujaona hatua hata moja kuanzia mwanzo hadi mwisho. Wakati huohuo makopo ya mikanda ambamo vipande hivyo vilitolewa yamerudishwa stoo yanakonuka siki. Msimamo wangu ni huu: kopo kwanza, sifa baadaye. Na ndani ya kopo, kinachotangulia ni vitu vitatu: mwili mzima, kasi ya kweli, na mfululizo usiokatwa.

Tuanze na kasi, kwa sababu hapo ndipo makosa huwa makubwa na hayaonekani. Filamu za bubu hazikuwa na kasi moja. Mpiga picha alizungusha mkono, na kasi ilicheza kati ya fremu 16 na 20 hivi kwa sekunde, wakati mwingine zaidi. Ukiichukua filamu iliyopigwa kwa fremu 16 ukaionyesha kwa 24, kila kitu kinakwenda mara moja na nusu. Mtu anayetembea anachekesha tu. Mcheza baleti anaharibika kabisa, kwa sababu miruko yake inafungwa na mvutano wa dunia, na macho yetu yanaujua mvutano huo tangu tukiwa watoto. Muda ukipungua kwa mara 1.5, mvutano unaonekana kuongezeka kwa mraba wake, yaani mara 2.25. Mtu anaporomoka kama jiwe. Ndiyo maana vijana wakimtazama Anna Pavlova kwenye nakala mbovu huuliza huyu alisifiwa kwa lipi. Filamu zake za mwaka 1924, zilizopigwa Hollywood kwenye seti ya Douglas Fairbanks, zimezungushwa kwa kila kasi uwezayo kuifikiria, na kwenye nakala nyingi yule batamaji anayekufa, wa dansi yake mashuhuri, anakufa kwa haraka.

Uzuri ni kwamba mvutano huohuo wa dunia unatupa saa. Mruko wa kawaida wenye kuinua nyonga sentimita 45 humweka mtu hewani sekunde 0.6, awe wa mwaka 1910 au wa jana. Hesabu yake ni rahisi: zidisha urefu wa mruko kwa mita mara 8, gawa kwa 9.81, tafuta kipeuo cha pili. Sasa nenda kwenye filamu, hesabu fremu tangu kidole cha mwisho kinapoacha sakafu hadi cha kwanza kinapogusa. Ukipata fremu 10, kasi ilikuwa kama 16 au 17 kwa sekunde. Ukipata 12, ilikuwa 20. Urefu wa mruko utaupima kwa kulinganisha na kitu unachokijua, kwa mfano urefu wa mchezaji mwenyewe. Tahadhari mbili hapa. Kwanza, pima nyonga, usipime kichwa. Katika mruko mkubwa wa kupasua miguu hewani, mchezaji hupandisha miguu na mikono katikati ya safari, na kichwa hubaki usawa mmoja kana kwamba anaelea. Hiyo ndiyo hila yenyewe ya baleti, na ukipima kichwa utakuwa umedanganywa kama mtazamaji wa kiti cha mbele. Pili, tafuta miruko ambayo mtu anaondoka na kutua akiwa na umbo lilelile, kwa kuwa akitua kwa kukunja goti sana muda wa hewani unarefuka. Pima mitano au sita, maana mkono wa mpiga picha huchoka na kasi hubadilika ndani ya mkanda mmoja.

Muziki uje baada ya hapo kuthibitisha, usitangulie. Wengi hufanya kinyume: wanachukua rekodi ya kisasa ya okestra, wanaivuta filamu mpaka ilingane, kisha wanasema wamerejesha kasi ya asili. Walichokirejesha ni kasi ya kondakta wa kisasa. Na katika kuskani, kila fremu iingie mara moja tu, kama picha inayojitegemea, na kasi iandikwe pembeni kama maelezo. Zamani maabara zilikuwa zikirudiarudia fremu ili filamu ya bubu itoshee kwenye mashine ya 24. Ukirithi nakala ya aina hiyo utaona mwendo wa kukwamakwama, na lazima fremu zilizorudiwa ziondolewe moja moja kabla ya kupima chochote.

Fremu zenyewe ni chache kuliko watu wanavyodhani. Chukua ule mruko wa wima wa kupishanisha miguu hewani, ambao wacheza baleti huuhesabu kuwa wa mipishano sita. Hewani yuko sekunde 0.6. Kwa fremu 24 una picha kama 14 za tukio zima, yaani picha mbili na kitu kwa kila mpishano. Kwa fremu 16 una picha zisizofika 10. Kila picha ina ukungu wake, kwa sababu shata ya kawaida huwa wazi sehemu moja ya 48 ya sekunde, na ncha ya kiatu inasafiri mbali katika muda huo. Sasa mlete mtaalamu wa akili mnemba aliyeahidi kuifanya filamu iwe laini kwa fremu 60. Programu yake inatazama picha mbili, inabuni zilizo katikati. Kwenye wingu linalopita angani, hakuna hasara. Kwenye miguu inayopishana, programu haijui mguu upi uko mbele. Inayeyusha kifundo kimoja ndani ya kingine, na mpishano mmoja unapotea au unazaliwa mwingine ambao haukuwapo. Vidole vya mikono vinaota na kunywea. Mtazamaji anafurahi kwamba picha ni safi. Mkufunzi wa miaka hamsini ijayo, anayehesabu mipishano ili ajue mtu huyu alikuwa akipiga minne au sita, atakuwa anahesabu mawazo ya mashine. Kama ni lazima kutengeneza toleo la namna hiyo kwa matangazo, litengenezwe, lakini liandikwe jina lake waziwazi na lisikae kamwe kwenye folda moja na skani ya asili.

Mwili mzima. Hili halihitaji falsafa, lakini linavunjwa kila siku. Mwongozaji Paul Czinner alipowapiga filamu wachezaji wa Bolshoi, kundi la baleti la Moscow, jijini London mwaka 1956, alitumia kamera nyingi kwa pamoja ili onyesho liende bila kusimamishwa, na kwa sababu hiyo nyota wao Galina Ulanova tuliyenaye katika baleti ya Giselle ni mtu anayecheza kwa pumzi moja, anayechoka pale anapopaswa kuchoka. Ulinganishe na Don Quixote ya Rudolf Nureyev na Robert Helpmann, iliyopigwa kwenye banda la ndege mjini Melbourne na kutoka mwaka 1973. Ni sinema nzuri, pengine bora kuliko nyingi za aina yake, na Nureyev anawaka. Ila ni dansi iliyojengwa kwa vipande, kila kipande mchezaji akiwa amepumzika. Kama unataka kujua Nureyev alikuwa nani, itazame hiyo. Kama unataka kujua alivyokuwa akiigawa nguvu yake ndani ya tendo zima, tafuta rekodi chakavu ya onyesho la ukumbini, yenye kamera moja nyuma kabisa.

Kuna jambo jingine kuhusu filamu za mastaa, nalo ni umri. Pavlova katika vipande vya 1924 amekwisha kuvuka arobaini. Ulanova aliyecheza Juliet kwenye filamu ya Kisovieti ya 1954 alikuwa na miaka 44. Margot Fonteyn, katika Romeo and Juliet ya Czinner ya 1966, alikuwa anagonga 47 akimcheza binti wa miaka kumi na kitu. Sinema huja baada ya jina kukua, na jina hukua baada ya magoti kuanza kuuma. Kwa hiyo mkanda wa milimita 16 uliopigwa na mtu wa kawaida mchezaji akiwa na miaka 22 unaweza kuwa na thamani kuliko filamu yote ya studio.

Na watu wa namna hiyo walikuwepo. Ann Barzel, mhakiki wa Chicago, alisimama pembeni mwa jukwaa na kamera yake miaka nenda miaka rudi; mikanda yake iko Newberry Library. Ni vipande vifupi, bila sauti, vya upande mmoja, kwa sababu kamera za kukaza springi zilikuwa zikiishiwa nguvu baada ya nusu dakika hivi. Victor Jessen alikwenda mbali zaidi. Kati ya 1944 na 1954 alipiga kwa siri maonyesho ya Gaîté Parisienne ya Ballet Russe de Monte Carlo, kipande leo, kipande mwakani, kisha akaviunga kwa sauti aliyoirekodi mwenyewe mpaka baleti nzima ikasimama, akiwamo Alexandra Danilova. Kazi ya wazimu, na tunaishukuru. Lakini mtu anayejifunza Danilova kutoka hapo ajue kwamba hatua ya kwanza na hatua ya nane zinaweza kuwa za miaka tofauti, na kwamba kasi imerekebishwa ili iendane na sauti. Viungo vya Jessen ni sehemu ya historia. Anayeskani asivifiche wala asivilainishe.

Sasa twende stoo. Ukifungua kopo, tumia pua kabla ya macho. Filamu za 35 mm za kabla ya miaka ya 1950 mara nyingi ni za nitrati ya selulosi, zinazowaka kwa ukali na hazizimiki kwa maji kwa sababu zinajitengenezea oksijeni. Zikianza kunata au kutoa unga wa kahawia, funga, usizungushe, ita wenye kibali. Filamu za 16 mm karibu zote ni za asetati, na ugonjwa wake ni siki. Hapa methali ya kikulacho ki nguoni mwako inasema kweli tupu: asetati ikioza hutoa asidi, na asidi hiyohiyo ndiyo inayoharakisha uozo. Vipo vikaratasi vya kupimia, vinavyobadilika kutoka buluu kwenda kijani hadi njano, kwa kipimo cha 0 hadi 3. Weka kimoja ndani ya kopo, funga, subiri siku moja kwenye joto la chumba. Ukifika 1.5 umefika kwenye mteremko: kutoka hapo uozo unajiendesha wenyewe, na mkanda huo unapaswa kuskaniwa kabla ya mingine na kutengwa, maana mvuke wake unaambukiza majirani. Asetati mpya ikikaa kwenye nyuzi 21 na unyevu wa asilimia 50 huanza kuugua baada ya miaka kama 40. Ikishushwa hadi nyuzi chache juu ya sifuri, muda huo unakuwa wa karne. Jokofu lililofungwa vizuri lina faida kuliko hotuba ya uzinduzi.

Pima pia kusinyaa. Kwenye 16 mm, umbali kati ya tundu na tundu ni milimita 7.62, kwa hiyo fremu 100 zinapaswa kuwa na urefu wa milimita 762. Laza mkanda juu ya meza bila kuuvuta, pima. Ukikuta 754, umesinyaa zaidi ya asilimia moja, na mashine yenye meno itachana matundu. Unahitaji skana inayovuta kwa roli laini. Hapo ndipo watu wengi wenye haraka huharibu mkanda pekee uliobaki duniani, tena kwa projekta ya kuazima, ili tu waone kilichomo. Kwa kuangalia kilichomo, meza yenye taa na kioo cha kukuzia vinatosha.

Skani ichukue na ukingo, pamoja na matundu. Pembeni kuna alama za kiwandani, na za Kodak, vile viduara, miraba na pembetatu, hutaja mwaka wa kutengenezwa, zikijirudia kila baada ya miaka 20. Kwa hiyo mraba mmoja unaweza kuwa 1937 au 1957, na mavazi ya wachezaji ndiyo yatakayoamua. Ukingo pia husaidia kujua kama picha imegeuzwa kushoto kulia, kosa ambalo kwenye baleti ni zito: kizazi kizima kinaweza kujifunza solo kwa mguu usio wake. Kwa 16 mm, pikseli 2,000 za upana zinatosha kwa kazi nyingi; kwa 35 mm nenda 4,000. Saa moja ya 2K, yaani ya pikseli hizo 2,000, iliyohifadhiwa fremu kwa fremu hula karibu terabaiti 1.1, ya 4K hula zaidi ya nne. Sauti, kama imechapwa ubavuni mwa filamu ya 16 mm, iko fremu 26 mbele ya picha yake. Fundi akisahau hilo, muziki unapishana na mguu kwa sekunde nzima, na nyota aliyejulikana kwa sikio lake la muziki anaonekana kiziwi.

Rangi nitaigusa kidogo. Eastmancolor, aina ya filamu ya rangi iliyoanza 1950, hupoteza rangi yake ya samawati-kijani gizani na kila kitu kugeuka waridi. Kodachrome, aina nyingine, hustahimili. Kabla ya kurekebisha, tafuta vazi lenyewe kama bado lipo, lipige picha kwenye mwanga unaojulikana, utumie hilo kama kipimo. Kubahatisha ngozi ya mtu ni hatari zaidi kuliko kubahatisha sketi.

Lakini kama una chumba chenye filamu na kanda za video kwa pamoja, na fedha za upande mmoja tu, anza na video. Najua hili linawaudhi wapenzi wa seluloidi. Filamu yenye siki bado unaweza kuitazama kwa macho; kanda ya video bila mashine ni utepe wa plastiki. Tangu miaka ya 1970 makundi mengi yalirekodi mazoezi na maonyesho kwenye kanda za video za nusu inchi na za aina ya U-matic, halafu VHS, ambayo mashine zake za mwisho kiwandani zilikoma mwaka 2016. Vichwa vya kusomea vinalika, vipuri havitengenezwi. Gundi ya kanda nyingi hufyonza unyevu na kunata, na kanda hupiga kelele, kisha husimama. Dawa yake ni kuioka kwenye tanuri ya maabara, nyuzi 50 hadi 54, kwa saa nane au zaidi, na kuicheza ndani ya wiki chache kabla haijarudia hali. Tanuri la jikoni lisikaribie, joto lake linapanda na kushuka.

Na kuna kosa moja la kanda ambalo ni mahususi kwa dansi. Video ya Ulaya huandika fremu 25 kwa sekunde, lakini kila fremu ni nusu mbili zilizopigwa kwa nyakati tofauti: mistari witiri, kisha mistari shufwa. Kwa hiyo kamera iliutazama mwili mara 50 kwa sekunde. Fundi anayetaka picha safi kwa haraka hutupa nusu moja au huzichanganya, na ule mruko wa sekunde 0.6 unashuka kutoka picha 30 hadi 15. Hifadhi kanda ilivyo, pamoja na mistari yake, kwenye faili lisilobana kwa kupoteza. Saa moja ni kama gigabaiti 95, na ukitumia FFV1, mfumo wa kubana video bila kupoteza, inashuka karibu nusu bila hasara. Nakala ya kutazama itolewe kwa 50 kwa sekunde. Halafu nakala tatu, katika aina mbili za vifaa, moja ikikaa jengo jingine, na namba za uhakiki za kila faili zikikaguliwa kwa ratiba. Hapa hakuna siri wala ubunifu wowote.

Haki miliki ni msitu. Mtunzi wa dansi, mtunzi wa muziki, okestra, mbunifu wa mavazi, ukumbi, mchezaji mwenyewe au warithi wake, kila mmoja ana kipande. Baleti za mtunzi wa dansi George Balanchine, aliyefariki 1983, zinasimamiwa na taasisi iliyoundwa 1987 kwa kazi hiyo, na wengine wengi hawana mtu wa kuulizwa. Ushauri ni mmoja: tenganisha ruhusa ya kuhifadhi na ruhusa ya kuonyesha. Ya kwanza ni rahisi kupatikana na ndiyo ya haraka. Mkanda hausubiri mawakili.

Kama mchezaji bado anacheza, piga vizuri. Kamera moja ya mfululizo, katikati ya ukumbi, kimo cha kifua cha mchezaji kwa kadiri inavyowezekana, kwa sababu kutoka roshani miruko inabanwa na kutoka kiti cha mbele ukingo wa jukwaa unameza miguu. Simama mbali na tumia lenzi ndefu. Lenzi pana inarefusha mguu unaoelekea kwako na kumpinda mtu aliye pembeni. Acha nafasi juu ya mikono na chini ya viatu. Fremu 50 au 60, shata ya 1/100 au 1/120 kulingana na umeme wa nchi ili taa zisimeteke. Mwanga upimwe kwenye vazi jeupe chini ya taa inayomfuata nyota, maana sketi nyeupe ikishaungua hairudi. Kumbuka pia kwamba eneo la kamera ni kabari, jembamba mbele na pana nyuma, kinyume cha jukwaa lenye upana wake mbele. Balanchine alilielewa hilo alipolipeleka kundi lake kurekodi televisheni Nashville mwaka 1977, akapanga upya mistari na mielekeo ya dansi zake mwenyewe. Rekodi hizo ni za thamani, mradi anayezitumia ajue ni matoleo ya kamera.

Sambamba na filamu kuwe na maandishi. Filamu hurekodi usiku mmoja na makosa yake, na mtu akiteleza, kizazi kijacho kinajifunza kuteleza. Maandishi ya Benesh, yaliyochapishwa 1956, huandika kilichokusudiwa juu ya mistari mitano kama ya muziki. Nijinsky huyohuyo asiye na filamu aliandika baleti yake ya fauno, kiumbe nusu mtu nusu mbuzi, mwaka 1915 kwa mfumo wake mwenyewe, na mwishoni mwa miaka ya 1980 Ann Hutchinson Guest na Claudia Jeschke wakaufungua. Leo tunajua alitaka mkono uwe wapi kwenye kila pigo.

Na kama mchezaji amestaafu lakini yu hai, usimkalishe kwenye kiti cha velveti. Mweke studioni na kijana anayejifunza nafasi aliyoicheza. Mfuko wa George Balanchine ulianza kufanya hivyo miaka ya 1990, chini ya Nancy Reynolds: Maria Tallchief, nyota wa zamani wa Balanchine, akimfundisha mwingine hatua alizotungiwa yeye. Kamera mbili zinatosha, moja pana kwa kijana, nyingine kwa mzee, na maikrofoni ndogo kwenye kola ya mzee, mbali na piano. Yule wa kamera ya pili aambiwe mapema kwamba kazi yake haiko usoni. Mcheza baleti mzee hachezi tena kwa miguu, anaonyesha kwa mikono: viganja viwili mbele ya kifua vinakuwa nyayo, kimoja kinapita mbele ya kingine, vidole vinanyooka pale kiatu kingesimama kwa ncha, kiganja kinageuka na nyonga inageuka nacho. Solo nzima inapita hapo, kwa mdundo wake, na mpiga picha asiyejua atakuwa amesogeza lenzi karibu kutafuta machozi.